Wudi Namba Tatu na Yadi Kumi za Fahari

Jumamosi moja kwenye gofu hapa Nairobi, kwenye shimo refu la mapigo matano, mpira wangu ulikuwa umekaa vizuri katikati ya fewei, ile njia ya nyasi fupi, na bendera ya shimo ilikuwa mbali, yadi 230 hivi. Nikamwambia kedi, anayenibebea begi, anipe wudi namba tatu, fimbo ya kichwa kipana ya kupiga mbali. Alinitazama, akaitazama bendera, kisha akachomoa namba tano. "Mzee, hii ndiyo huwa unapatia." Sikumsikiliza. Nilichukua tatu mwenyewe, nikaupiga mpira utosini, ukaruka karibu na ardhi kama kwale aliyeshtuliwa na kuishia kwenye rafu, zile nyasi ndefu, upande wa kulia, yadi 120 tu mbele yetu. Kedi hakusema neno. Aliivisha ile tano kofia yake, akairudisha kwenye begi na kuanza kutembea.

Tangu siku hiyo, kila nikisikia wachezaji wakibishana kuhusu wudi ipi ya kununua, ile kofia inanijia. Ubishi wenyewe ni wa zamani na kila klabu inao. Sheria inaruhusu fimbo 14 tu kwenye begi. Marekani waliiweka mwaka 1938 na Uingereza wakafuata mwaka uliofuata, kwa hiyo kila fimbo unayoiingiza inaitoa nyingine. Kati ya draiva, fimbo ya kupiga mbali kuliko zote, na aini, zile za kichwa chembamba cha chuma, kuna nafasi ya wudi moja, au mbili ukijibana. Wengi wetu huijaza kwa namba tatu bila kufikiri, kwa sababu ndivyo seti zinavyouzwa na ndivyo begi la mwanamume linavyotarajiwa kuonekana. Tano tunaiona kama ya ziada. Saba, ukiitoa mbele ya wenzako, utaulizwa umemwachia mke wako begi gani.

Wanaoitetea tatu wana hoja nzito, na nitazitaja kwanza. Uso wake umelala nyuma kwa nyuzi 15 hivi, ndio tunaouita mlalo, na mpini wake ni mrefu, karibu inchi 43, kwa hiyo ndiyo fimbo inayoutupa mpira mbali zaidi baada ya draiva. Siku draiva inapokuasi, na kila mmoja wetu anazijua siku hizo, tatu inakuokoa kwenye tii, kile kijiti cha pigo la kwanza: kichwa chake ni kidogo, mlalo wake ni mkubwa kuliko wa draiva, na mpira hauyumbi sana. Kwenye shimo jembamba lenye miti pande zote mbili, mtu anayecheza tatu kutoka kwenye tii anacheza kwa akili. Tena ukiitoa unaacha pengo. Mwenye draiva ya yadi 220 na tano ya yadi 180 ana yadi 40 hapo katikati zisizo na fimbo.

Halafu kuna pwani. Ukicheza Nyali au Vipingo wakati wa Kusi, upepo unaotoka baharini hauna huruma na mpira wa juu. Kule mpira wa chini unaopenya na kubingirika kwenye ardhi ngumu ni dhahabu, na tatu ndiyo inayoutoa kwa urahisi. Mchezaji wa Mombasa akiniambia hawezi kuiacha tatu yake, sina ubishi naye.

Wengi wa wanaoinunua, hata hivyo, hawachezi kwenye upepo huo, na hawaitumii kwenye tii pekee. Wanainunua kwa ajili ya pigo lile lililonishinda mimi: mpira uko chini, juu ya nyasi, na safari bado ni ndefu. Hapo ndipo hesabu zinapogeuka, na naomba msomaji anivumilie kidogo kwenye hesabu hizi kwa sababu mimi mwenyewe zilinikosesha usingizi.

TrackMan, wale wenye mashine ya rada inayopima mpira ukiwa hewani, walitoa wastani wa wachezaji wa kulipwa ambao umezunguka kwa miaka mingi. Wanaume wa PGA Tour wanaurusha mpira yadi 243 hewani kwa tatu na yadi 230 kwa tano. Tofauti ni yadi 13. Wanawake wa LPGA ni yadi 195 kwa tatu na 185 kwa tano. Tofauti ni yadi 10, na saba yao inakwenda 174.

Sasa tazama kasi. Wanawake hao wanapopiga draiva, kichwa cha fimbo husafiri kwa maili 94 kwa saa. Mwanamume wa kawaida wa ridhaa, huyu wa handikapu (mapigo anayopunguziwa) ya 14 au 15, anayelipa ada ya klabu na kucheza wikendi, TrackMan hao hao walimpima akapata kama maili 93. Sawasawa! Yule bwana anayemcheka mwenzake kwa kubeba "wudi ya akina mama" ana mwendo wa mkono sawa na wa mwanamke anayeishi kwa kucheza gofu, ila hana ustadi wake. Dada yule anaugonga mpira katikati ya uso wa fimbo karibu kila mara. Bwana wetu anaupata katikati mara moja, mara ya pili anachimba udongo, ya tatu anaupiga utosini, ya nne unakwenda kwa jirani. Na bado, hata kwa mtu asiyekosea, faida yote ya tatu juu ya tano ni yadi 10.

Kwa mtu anayekosea, yadi hizo 10 hazipo kabisa. Mlalo mdogo unahitaji kasi ili mpira upande na ukae hewani. Kasi ikipungua, au ukiugonga chini kidogo ya katikati, mpira wa tatu hauinuki, unadondoka mapema. Tano, yenye mlalo wa nyuzi 18 au 19 na mpini mfupi kwa nusu inchi au zaidi, inauinua mpira hata ukikosea kidogo. Ndiyo maana wachezaji wengi wa klabu, wakipimwa kwa uaminifu, hukuta wastani wa tano yao uko sawa na wa tatu au hata umeizidi. Pigo moja zuri la tatu tunalikumbuka mwaka mzima. Yale tisa mengine tunayasahau kabla ya kufika kwenye grini, ile nyasi laini yenye shimo.

Yako mengine yanayotuhusu sisi wa nyanda za juu kuliko mtu wa Florida. Nairobi iko zaidi ya mita 1,600 juu ya usawa wa bahari. Hewa ni nyepesi na mpira unakwenda mbali zaidi, jambo ambalo kila mgeni kutoka pwani hulifurahia siku ya kwanza. Linalosahaulika ni kwamba hewa hiyo hiyo nyepesi haiubebi mpira vizuri, kwa hiyo njia yake huwa bapa zaidi. Mpira wa tatu, ambao hata kwa wale wa LPGA hutua kwa pembe ya nyuzi 39 wakati wa tano hutua kwa nyuzi 43, huku kwetu unatua kwa ulalo zaidi. Ukigusa grini ngumu ya Februari, unapita moja kwa moja hadi nyuma.

Na usidhani utautua mbele ya grini uingie ukibingirika. Nyasi zetu zinakataa. Viwanja vingi vya huku vina nyasi ya kikuyu, nyasi ambayo asili yake ni nyanda hizi hizi za Afrika Mashariki na imebeba jina la wenyeji wake hadi California, ambako Riviera Country Club inajulikana kwayo. Kikuyu haitelezi. Ni zulia lenye vidole: mpira unaotua juu yake kabla ya grini unashikwa mguu pale pale. Basi njia ya chini imefungwa, na njia ya juu inahitaji mpira unaoshuka kwa kimo. Fimbo ya kuupandisha ndiyo hiyo tunayoiona ya ziada.

Kwa haki, kikuyu ina upande mwingine, na watetezi wa tatu huutaja haraka. Kwenye fewei iliyokatwa vizuri inaubeba mpira juu kama umewekwa kwenye tii ndogo, na hapo hata tatu inapigika. Kweli. Nimewahi kupiga tatu safi kwenye fewei ya namna hiyo nikajiona nimeiva. Lakini subiri masika, nyasi ikinywa maji na kulala, au ukose fewei kwa hatua tatu tu. Kwenye rafu ya kikuyu, kichwa kipana cha tatu kinanaswa kama mguu kwenye tope. Kichwa cha saba, kilicho kifupi na chenye mlalo wa nyuzi 21 au 22, kinapenya kwa urahisi zaidi.

Haibridi, ile fimbo iliyo nusu wudi nusu aini? Inafaa, hasa kwenye rafu mbaya, na sitaitungia mashairi hapa. Kwa wengi huenda chini zaidi na kuvuta kushoto. Mwenye anayoipenda abaki nayo.

Kinachoniudhi kidogo katika mjadala huu ni lile wazo kwamba mlalo mkubwa ni kukiri udhaifu. Mwaka 1976 Raymond Floyd alikwenda Masters, yale mashindano makubwa ya Augusta, Marekani, akaitoa aini namba moja kwenye begi na kuingiza wudi tano, kwa sababu alitaka mpira unaotua laini kwenye mashimo ya mapigo matano ya Augusta. Mashimo hayo peke yake alimaliza akiwa mapigo 14 chini ya yanayotarajiwa, na ushindi ukawa wake. Novemba 2020, Dustin Johnson, mmoja wa watu wanaoupiga mpira mbali kuliko karibu kila mtu duniani, alishinda Masters hiyo hiyo kwa rekodi ya mapigo 268 akiwa na wudi saba kwenye begi. Hakuna aliyemuuliza kuhusu begi la mke wake.

Mtu atasema hao ni mabingwa, wanachagua kwa sababu zao, na kwamba Johnson alikuwa na tatu pia. Ni sahihi. Mwenye kasi kama yake anaweza kubeba zote mbili na kila moja ikawa na kazi yake, kwa sababu kwake zile yadi 13 ni za kweli na zinajirudia. Kwangu mimi somo halikuwa kuiga begi lake. Kilichonigusa ni kwamba mtu mwenye nguvu zile hakuona aibu.

Nirudi kwenye pengo la yadi 40, hoja iliyo na nguvu kuliko zote za upande ule. Niliamua kuhesabu. Kwa raundi tano mfululizo niliandika nyuma ya kadi kila mara nilipohitaji umbali uliokuwa katikati ya draiva na tano yangu, na nikitaka kufika kweli, si kusogea tu. Nilipata mara nne. Katika hizo nne, mara mbili kulikuwa na maji au banka, shimo la mchanga, mbele ya grini, kwa hiyo hata tatu nzuri ingekuwa kamari. Raundi zangu tano si utafiti, na kiwanja chako si changu. Lakini fimbo niliyoihitaji mara nne kwa raundi tano ilikuwa imekalia nafasi ya fimbo ninayoihitaji mara nne kwa raundi moja.

Anayenunua, basi, asidanganywe na namba iliyochorwa chini. Kuna tatu za nyuzi 15 na nyingine za 16.5, kuna tano za 18 na za 19, na nyingi za siku hizi zina skrubu shingoni ya kubadilisha mlalo kwa nyuzi moja au zaidi. Uliza nyuzi, uliza urefu wa mpini. Na usizijaribu kwenye mkeka wa plastiki. Mkeka ni rafiki mnafiki: ukichimba nyuma ya mpira, fimbo inateleza na pigo linatoka kama halina kosa. Omba ukajaribu kwenye nyasi. Piga mipira kumi kwa kila fimbo bila tii, kisha uende kwa miguu ukaitazame ilipoanguka. Usihesabu ule uliokwenda mbali kuliko yote. Tazama ile mitano ya nyuma.

Ninayemwona akistahili tatu ni yule ambaye mitano hiyo ya nyuma bado inaipita mipira ya tano yake, au anayeitaka kwa ajili ya tii na anakiri hivyo, au anayeishi na Kusi. Waliobaki, na ndio wengi, waanze na tano, wafikirie saba, kisha warudi kwa tatu siku nafasi ikibaki. Kuna pia namba nne, ya nyuzi 16.5 au 17, kwa wasioweza kuachana na fahari mara moja. Gene Sarazen aliutumbukiza mpira shimoni kutoka yadi 235 kwa namba nne pale Augusta mwaka 1935, kwa hiyo hata fahari ina pa kujishikiza.

Tatu yangu nimeipeleka kwa jamaa anayeuza fimbo zilizotumika. Aliigeuza tumbo juu, akalipangusa kwa kidole gumba. Tumbo lilikuwa jipya kabisa, linang'aa kama siku ilipotoka kwenye nailoni. Makovu yote yalikuwa kwenye ukingo wa chini wa uso, pale panapokutana na utosi wa mpira. Alinionyesha rafu yake ukutani, tatu kumi na mbili zimepangwa, akazigeuza mbili tatu nizione. Zote zilikuwa na tumbo safi kama langu. Nikamwuliza tano ziko wapi. "Hizo hazikai," akasema. "Na zikija, zinakuja zimeisha."