Kila Baada ya Miaka Saba

Ukimtaja Michael Apted mbele ya wapenda sinema, watakukumbusha James Bond ya mwaka 1999, au ile filamu ya 1988 kuhusu mtafiti Dian Fossey na sokwe wa milima ya Rwanda. Ni kazi nzuri, sikatai. Lakini kwangu mimi ukubwa wa mtu huyu uko kwenye televisheni, katika kazi aliyoianza akiwa kijana mwajiriwa mpya wa Granada, kituo cha televisheni kule Manchester, Uingereza.

Mwaka 1964 kituo kile kilitaka kujua kama tabaka analozaliwa mtoto Uingereza ndilo litakaloamua maisha yake. Apted alikuwa mtafiti tu. Mwongozaji alikuwa Paul Almond, Mkanada. Wakakusanya watoto 14 wa miaka saba, wengine wa shule za ada kubwa, wengine wa mitaa ya wafanyakazi. Kipindi, kilichoitwa Seven Up!, kilikuwa kimoja, basi. Apted ndiye aliyewarudia mwaka 1970, na tangu hapo akawarudia kila baada ya miaka saba hadi 2019, hata alipokwisha kuhamia Marekani na kuzama kwenye filamu kubwa.

Mtazame Neil. Akiwa na miaka saba, mtoto mchangamfu wa Liverpool, anataka kuwa mwanaanga, na ikishindikana, dereva wa basi la watalii. Anapofika 28 hana pa kulala, anatangatanga Scotland. Baadaye unamkuta ni diwani. Mwandishi gani wa tamthilia angethubutu kupanga hivyo?

Ninachomheshimia Apted zaidi ni namna alivyoyabeba makosa yake. Kati ya watoto 14, wasichana walikuwa wanne tu, na alikiri hadharani kuwa anajutia hilo. Tony wa East End, mtaa wa wafanyakazi wa London, alipokuwa na miaka 21, Apted alidhani ataishia jela, akampiga picha kwenye maeneo ya uhalifu kama akiba ya baadaye. Tony akawa dereva wa teksi, mtu wa familia yake.

Halafu kuna Jackie. Akiwa na miaka 49 alimgeukia Apted kamera ikiwa inazunguka, akamlaumu kwa namna alivyokuwa akimwonyesha kwenye vipindi hivyo. Sehemu hiyo nimeirudia mara nyingi. Apted alikuwa na uwezo wote wa kuikata kwenye uhariri, na hakuna mtazamaji ambaye angejua. Akaiacha. Waongozaji wengi hujilinda kwanza wao. Huyu alimwachia mwanamke ambaye yeye mwenyewe alimkosea aseme, na sisi tusikie.

Alifariki Januari 2021, akiwa na miaka 79. Yeye mwenyewe hukaa nyuma ya kamera, kwa hiyo kuzeeka kwake unakusikia sautini tu. Katika kipindi cha mwisho anamuuliza Nick, mwanasayansi aliyekulia shambani Yorkshire na wakati huo alikuwa anaugua saratani, kisha ananyamaza na kumsubiri ajibu.