Tuilaumu Shodan au fundi wa kamera?

Fundi anafunga kamera nne dukani, anachomeka DVR, kile kisanduku kinachorekodi picha, kwenye ruta, anashuka ngazi na kuuliza: "Bosi, unataka uone na kwenye simu?" Nani atakataa? Anafungua poti, yaani mlango wa ruta kuelekea intaneti, ili picha zitoke nje, anaacha "admin" na nywila ya kiwandani vilevile, anachukua hela yake anaondoka. Bosi sasa analiona duka lake akiwa nyumbani. Hayuko peke yake.

Shodan, mtambo wa kutafuta ulioanzishwa na John Matherly mwaka 2009, haupekui kurasa kama Google. Unabisha hodi kwenye anwani za intaneti duniani kote na kuandika ni kifaa gani kimeitika. Ndiyo maana wapo wanaotaka ufungwe: unampa hata asiye na ujuzi orodha iliyokwisha kuandaliwa. Hofu yao ina msingi. Mwaka 2014 tovuti ya Insecam ilianika maelfu ya kamera za watu, hadi za vyumbani mwao, ikijitetea kwamba inawafundisha usalama. Ni kama kumvua mtu suruali sokoni ili umkumbushe kufunga mkanda.

Ila kuifunga Shodan hakufungi kamera hata moja. Kirusi cha Mirai, mwaka 2016, hakikuomba orodha kwa mtu. Kilizunguka chenyewe kikijaribu majina na nywila za kiwandani zaidi ya 60, kikateka kamera na DVR kwa wingi, na Oktoba mwaka huo jeshi hilo la vifaa likaielemea Dyn, kampuni inayoelekeza majina ya tovuti kwenye anwani zake, hadi Twitter na Netflix zikawa hazifunguki kwa wengi. Orodha ya Shodan angalau huisoma pia mtafiti anayetaka kumwonya mwenye kifaa.

Kwangu mimi, mkosaji wa kwanza ni kiwanda. Tangu 29 Aprili 2024 Uingereza imepiga marufuku kuuza vifaa vya aina hii vyenye nywila moja kwa wote. Sheria hiyo haiigusi DVR iliyokwisha kufungwa dukani kwako. Hapo ni wewe na fundi. Abadilishe nywila mbele yako, afunge poti, azime UPnP, mpangilio wa ruta unaoruhusu vifaa kujifungulia poti vyenyewe. Programu ya simu ya kampuni huonyesha picha bila poti kufunguliwa, ingawa kwa kawaida unakuwa umeikabidhi seva ya kampuni funguo za kukufikia.

Kisha zima Wi-Fi, tumia data, andika anwani ya intaneti (IP) ya dukani kwenye kivinjari. Ukiletewa ukurasa wa kuingilia wa DVR, Shodan nayo inaweza kuuona.