Vita vilipita hapa hapa Forodhani
Kuna wanaopendekeza eti watoto walioshinda mashindano ya kuchora mabango ya kujikinga na moto wapelekwe bara wakaone viwanja vya vita, kwa kuwa Unguja hatuna. Hatuna? Tarehe 27 Agosti 1896 manowari za Waingereza ziliipiga kasri ya Sultani pale Forodhani, haikufika hata saa nzima, na moto ukawaka. Beit al-Hukm, mojawapo ya majumba ya kasri hiyo, haikujengwa tena. Hayo mabango nayo! Binti yangu alichora ndoo ya mchanga na mtungi wa gesi uliowekwa nje ya jiko. Zawadi akapewa aliyechora gari jekundu la zimamoto lenye ngazi. Zuri, lakini kichochoroni kwetu Mji Mkongwe hata gari la ng'ombe halipiti. Huko skulini kwenu watoto wameshaoneshwa pa kutokea moto ukizuka?