Arosto haipakwi wanja

Mtoto wa dada yangu alikuja kwangu Desemba na flashi moja, kaijaza kule kwao kwa jamaa anayeuza muvi na sizoni kwa bei ya maandazi. Ana miaka 19, anasubiri kuanza chuo, na kusubiri kwenyewe ni kulala hadi saa nne. "Mamdogo, naomba laptop." Nikampa. Nilipopita nyuma yake na beseni la nguo nikaona msichana anatembea kwenye korido ya nyumba yenye sherehe, halafu korido yenyewe inaanza kuzunguka, naye anapanda ukutani, anaenda hadi darini kama mjusi. Nikauliza huyo kapatwa na nini.

"Kala madawa," akanijibu bila kugeuka. "Lakini ona picha ilivyo kali."

Nikaliweka beseni chini. Ndivyo nilivyoianza Euphoria, nimesimama, mikono imelowa, na moyoni nimeshakasirika.

Kwa ambaye hajaiona: ni tamthilia ya Marekani, HBO walianza kuionyesha Juni 2019. Sam Levinson aliichukua kutoka tamthilia ya Israeli yenye jina hilohilo, akaiandika upya kwa namna yake. Kiini chake ni Rue, msichana wa miaka 17, anayechezwa na Zendaya. Baba yake anaugua saratani, dawa za maumivu ziko nyumbani, mtoto anaanza kuzionja. Baba anafariki, mtoto anaendelea. Tunapomkuta katoka kituo cha matibabu baada ya kuzidisha dozi, na aliyemkuta amezimia ni mdogo wake wa kike, Gia. Hana nia yoyote ya kuacha, na anatuambia hivyo mwenyewe, maana ndiye msimulizi.

Msimu wa pili ulipotoka mwanzoni mwa 2022, D.A.R.E., wale wanaofundisha wanafunzi wa Marekani wasiguse dawa za kulevya, walilalamika kwamba tamthilia inazipamba. Zendaya akasema kazi yao si hadithi ya kuwafunza watu maadili. Nimewaelewa wote wawili, jambo ambalo halinitokei mara nyingi.

Mimi nina kaka. Alikula unga, yaani heroini, miaka tisa, Tanga, na kwa hiyo kuna vitu kwenye skrini ambavyo sihitaji kuelezwa. Kwetu ile hali ya mwili kudai unga uliozoea ina jina, arosto, na sijaona neno la lugha nyingine linaloniuma kama hilo. Arosto ni miayo isiyoisha. Ni kamasi, ni vipele vya baridi saa saba mchana, ni tumbo linalokatika, ni mtu mzima anajikunja sakafuni anamwita mama yake kwa jina alilomwita akiwa na miaka mitatu. Mama alikuwa akilala na funguo za kabati amezifundika kwenye pindo la kanga. Televisheni iliondoka kwanza. Kisha mtungi wa gesi, ukiwa bado na gesi. Kisha viatu vyangu vya shule, ambavyo sijui alimuuzia nani, maana navaa namba ndogo sana.

Na uongo! Kaka alikuwa anadanganya vizuri hata ukamwonea huruma kwa kazi aliyoifanya.

Sasa ipo sehemu ya tano ya msimu wa pili. Rue amepewa sanduku la dawa akauze, dawa za dola 10,000, na mwenye mali ni mama mmoja mpole aliyewahi kuwa mwalimu, ambaye kwa upole wake anatisha kuliko majambazi wote wa tamthilia hiyo. Mama yake Rue analigundua sanduku. Dawa zinakwenda chooni. Kinachofuata sijawahi kukiona kwenye televisheni kwa ukweli ule. Rue anavunja mlango. Anamtukana mama yake matusi ambayo mtoto huyachagua kwa sababu anajua yatapenya wapi. Dakika hiyohiyo anapiga magoti, anaomba msamaha, na katikati ya msamaha anauliza tena sanduku liko wapi. Pale nilisimamisha picha. Mama yangu ameusikia msamaha wa aina hiyo mara nyingi sana, ule wenye swali ndani yake.

Baadaye anakimbia mji mzima. Anaingia kwa marafiki kuomba choo, kumbe anapekua makabati ya dawa. Wanapomkalisha kumsihi, anafichua siri ya msichana mwingine mbele ya watu wote ili watu waache kumtazama yeye. Anakwenda kwa Fezco, muuzaji anayempenda kama mdogo wake, na kule anaingia chumba cha bibi mgonjwa kumwibia dawa zake. Hakuna kumeremeta. Nywele zimesimama, nguo zilezile, jasho. Zendaya alipata tuzo ya Emmy ya pili mwaka huo, ya kwanza alishaipata 2020 akiwa na miaka 24, na kwa sehemu hiyo peke yake ningempa na ya tatu.

Shida yangu ni kwamba sehemu kama hiyo ni moja. Zilizobaki zimepakwa wanja. Ninasema wanja kwa maana yake halisi: vito vidogo vilivyobandikwa kuzunguka macho, kope za rangi ya zambarau, unga wa kumeta hadi mashavuni. Mabinti wa dunia nzima waliiga, na waliowapamba waigizaji wakapata Emmy yao vilevile. Msimu wa kwanza unaishia Rue amerudia dawa, na jambo hilo wamelifanya wimbo, kwaya nzima imevaa sare nyekundu iliyoiva, wanamnyanyua, wanamrusha. Ni kitu kizuri kukitazama. Mpwa wangu alikirudisha mara tatu. Mimi nilikuwa namkumbuka kaka kituo cha daladala, amebembea. Wasiojua kubembea: teja akishapata kete yake husimama amekunja magoti, mwili umeinama mbele, kidevu kifuani, na haanguki. Watoto wa shule walikuwa wanampita wanaigiza. Hakuna aliyetaka kujipamba kama yeye.

Lakini nisiwe mwongo na mimi. Nilimuuliza kaka siku moja, ameshaacha, ilikuwaje ile mara ya kwanza. Akanyamaza kidogo, akasema ilikuwa kama umefunikwa shuka lililotoka kuanuliwa juani. Rue anasema jambo la karibu na hilo kwenye sehemu ya kwanza kabisa, alipopewa dawa ya kumtuliza hospitalini: dunia ilinyamaza, akajua hicho ndicho alichokuwa anakitafuta. Kwa hiyo utamu upo, na anayemficha kijana utamu huo atadharauliwa siku kijana akionja. Levinson anaujua kwa sababu yeye mwenyewe alikuwa mraibu akiwa kijana, amelisema hadharani, ujana wake mwingi ulipita kwenye hospitali na vituo vya matibabu. Adhabu ya kaburi aijuaye maiti. Ila maiti huyu kapewa kamera za mamilioni ya dola, na kamera ikipewa utamu na uchungu, yenyewe hupiga utamu.

Kipimo hicho cha nani aliyewahi kulala kwenye kaburi gani ndicho nilichoendelea nacho hadi mwisho wa flashi.

Chukua mambo ya ngono. Karibu hadithi yote ameandika Levinson peke yake, na wasichana anawavua nguo kwa wepesi wa mtu anayekunja mikono ya shati. Cassie, anayechezwa na Sydney Sweeney, ni mtoto wa shule kwenye hadithi, ila mwigizaji ni mtu mzima. Hapo ndipo ujanja wote ulipo: mwili wa mtu mzima umepewa daftari na begi la shule, nasi tunaambiwa tumtazame mwanafunzi. Sweeney amewahi kusema kwenye mahojiano kwamba kuna matukio alimwambia Levinson hayahitaji yeye kuwa uchi, akakubaliwa, yakaondolewa. Nampa heko kwa kusema na Levinson kwa kusikia. Halafu najiuliza kwa nini ilibidi aseme yeye.

Na Kat, binti mnene aliyeanza kujirekodi mbele ya kamera ya kompyuta kwa wanaume asiowajua, wakimlipa? Msimu wa kwanza alikuwa mtu. Nilitaka kujua zile pesa zitampeleka wapi na ule ujasiri mpya ni wake au ni wa wateja. Msimu wa pili akageuka kivuli, akawa anapita tu nyuma ya wenzake, na mwaka huohuo wa 2022 mwigizaji wake, Barbie Ferreira, akaaga. Mwandishi hakuwa na la kumwandikia.

Kwa Jules hali ni nyingine kabisa. Jules ni msichana aliyezaliwa akahesabiwa mvulana, na Hunter Schafer anayemwigiza ni hivyohivyo maishani. Nilikaa tayari kwa hotuba. Haikuja. Jules anaendesha baiskeli, anampenda Rue, anachati na mtu asiyemjua hadi saa nane usiku, anadanganya, na mwisho wa msimu anapanda treni anamwacha Rue kituoni. Kumruhusu awe na makosa ya kawaida ni heshima kubwa kuliko kumfanya malaika wa mabango. Mpwa wangu alifika sehemu ya nne ndipo akaniuliza, "Mamdogo, kwani huyu ni nani hasa?" Nikamwambia si umemwona sehemu nne, wewe unasemaje. Akafikiri. "Ni muoga," akasema, "anampenda yule mlevi, halafu anamwogopa." Sikuwa na la kuongeza.

Mwaka 2020 Korona ilisimamisha kazi, wakatengeneza sehemu mbili za pekee, ndogo, watu wachache. Ya kwanza, iliyotoka Desemba, ni Rue na mzee Ali, mraibu aliyeacha zamani, wamekaa mgahawani mkesha wa Krismasi, wanakula na kuongea saa nzima. Ya pili, Januari 2021, ni Jules na mshauri wake wa kisaikolojia, na hiyo Schafer aliiandika pamoja na Levinson. Ndani yake Jules anasema anafikiria kuacha homoni, kwa sababu amegundua ameujenga usichana wake wote kwa kukisia wanaume wanataka nini. Nani angelibuni hilo akiwa nje? Na humo ndimo tunapojua mama yake Jules naye ni mraibu, kaacha, karudia. Kumbe kumkimbia Rue ni kumkimbia mama. Mimi nilihama Tanga nikiwa na miaka 20 nikasema nafuata kazi.

Nchi zetu nazo zimejaribu. Mwaka 2009 MTV walileta tamthilia ya Shuga, iliyopigwa Nairobi, Lupita Nyong'o akiwa Ayira, kabla dunia haijalijua jina lake. Kule kila tendo lina ankara yake: ukilala na mtu bila kinga, sehemu inayofuata uko kwenye benchi la kliniki. Ni tamthilia ya shangazi, na nasema hivyo kwa mapenzi, shangazi wameokoa watu. Lakini shangazi hakuelezi kwa nini ulitaka.

Yule Fezco aliyemfukuza Rue nyumbani kwake alichezwa na Angus Cloud, kijana mwenye sauti ya taratibu, ambaye inasemekana walimwona barabarani tu New York wakamwita. Alifariki 31 Julai 2023, ana miaka 25. Uchunguzi ulisema ni mchanganyiko wa dawa, ikiwemo fentanili, dawa kali ya maumivu, bila kukusudia. Mpwa wangu alikuwa hajui. Nilipomwambia aliirudisha sehemu ambayo Fezco anamkatalia Rue dawa, amefunga mlango na Rue yuko nje anaubamiza, akaitazama bila kusema kitu, kisha akafunga laptop akaenda kuosha vyombo ambavyo sikumtuma.

Kaka yangu yuko Dar siku hizi. Kila asubuhi anakwenda kliniki kunywa kikombe chake cha methadoni mbele ya nesi, dawa ya kuzuia arosto ambayo Muhimbili walianza kuitoa 2011, kisha anakwenda kazini. Alikuja Jumapili moja kula pilau. Sikumwambia kitu, nikamwekea ile sehemu ya tano, nikajifanya nachambua mchele wa kesho.

Aliitazama mikono imekunjwa. Mlango ulipovunjwa hakushtuka. Msamaha wenye swali ulipofika akaguna, "Mh." Kisha mama na mdogo mtu wakampakia Rue kwenye gari wampeleke kutibiwa, gari likasimama kwenye makutano, Rue akafungua mlango, akaruka, akapotea katikati ya magari yanayopiga honi.

"Hapo ndipo walipokosea," kaka akasema, mara ya kwanza anaongea. "Teja hapakiwi kwenye gari, lina milango minne. Mimi mlinipandisha mshikaki, bodaboda mbele, mjomba nyuma, mimi katikati. Ningerukia wapi?"

Akanyoosha sahani aongezewe.