Jiko Moja, Vizazi Vitatu: Nani Hunufaika na Familia ya Pamoja Nchini India?

Sensa ya India huitambua kaya kwa jiko: wanaoishi pamoja na kula chungu kimoja ni kaya moja, na ndugu wanaopika mbalimbali huhesabiwa mbalimbali hata wakiwa chini ya paa moja. Kigezo hicho ni kizuri, kwani mjadala wa familia ya pamoja, ambamo wazee, wana wao wa kiume, wakaza wana na wajukuu hukaa nyumba moja, huendeshwa kwa lugha ya heshima na mapenzi, ilhali uzito wake huangukia jikoni.

Wanaoitetea wana hoja nzito. Wafanyakazi wengi wa India wako nje ya ajira rasmi na hawana pensheni ya kutegemea, hivyo mwana ndiye bima ya uzeeni. Sheria ya mwaka 2007 inawalazimu watoto kuwatunza wazazi wao, na inamruhusu mzee kurejesha mali aliyoitoa kwa sharti la kutunzwa ikiwa sharti hilo limevunjwa. (Kutungwa kwa sheria hiyo, kwa maoni yangu, kunaonyesha kwamba mapenzi peke yake hayakutosha.)

Upande wa pili una takwimu zake. Uchunguzi wa kitaifa wa matumizi ya muda wa mwaka 2019 ulionyesha kuwa wanawake wanaofanya kazi za nyumbani zisizo na malipo hutumia wastani wa dakika 299 kwa siku, na wanaume wanaozifanya dakika 97. Katika nyumba nyingi za kaskazini chapati huliwa ikiwa ya moto, imetoka jikoni papo hapo, kwa hiyo anayezipika hawezi kukaa kula na wenzake; naye mara nyingi ni mkaza mwana. Hata hivyo, kuhama hakumwondolei mzigo: akiwa peke yake na mumewe bado atapika, tena bila mavyaa wa kumshikia mtoto aende kazini.

Ndiyo maana mwanamke wa miaka 25 na wa miaka 60 hutoa majibu tofauti kuhusu nyumba ileile, na wote wawili husema kweli. Mkaza mwana kijana alivumilia kwa kutarajia kwamba siku moja naye atakuwa mavyaa mwenye kusikilizwa. Leo wanawe huhamia jiji la Bengaluru au ng'ambo, naye hubaki ametumikia ujana wote bila kuifikia zamu yake. Hoja ya watetezi huyumba hapa zaidi ya penginepo.

Familia zenye uwezo mijini hununua nyumba mbili katika jengo moja: wazee ghorofa hii, vijana ile, kila upande na jiko lake. Wasio na uwezo huo hubaki katika vyumba vilevile, ingawa tangu mwaka 2020 Mahakama ya Juu ya India imekubali kwamba mke anaweza kudai haki ya kukaa hata katika nyumba ya wakwe zake ikiwa ndimo alimoishi na mumewe.