Kama Hujapigiwa Simu, Ujue Tu

Mwezi wa Juni ukiingia, shemeji yangu huacha kununua sukari ya kilo. Hununua robo. Ni muuguzi wa kandarasi katika zahanati moja ya huku Kisumu, na kandarasi yake huisha tarehe 30, siku ile ile serikali inapofunga mwaka wake wa fedha. Mara ya mwisho barua ya kuongezewa mkataba ilimfikia Julai 9, nayo imeandikwa Juni 16. Zile siku tisa alizalisha akina mama wanne, asijue kama yeye ni mfanyakazi au mpita njia aliyevaa yunifomu.

Mwenzake wa zamu hakupata barua yoyote. Alipoenda ofisini kuuliza, karani alimjibu bila kuinua macho: "Mama, kama hujapigiwa simu, ujue tu."

Ujue nini?

Sisemi kila mwenye kandarasi aongezewe. Mkataba wa muda una mwisho wake, na mahakama zetu za kazi zimelisema hilo mara nyingi: siku ikifika umekufa, na mwajiri halazimiki kuufufua, ila kama yeye mwenyewe alitoa ahadi au alijenga mazoea yaliyompa mfanyakazi matumaini ya haki. Hesabu za kaunti nazo nazijua. Kanuni za fedha za mwaka 2015 zinataka mishahara isizidi asilimia 35 ya mapato, na kaunti nyingi zilishavuka hapo zamani. Kwa hiyo wapo watakaoachwa. Ninachouliza ni nani anayechagua, anatumia kipimo gani, na mbona aliyeachwa haambiwi.

Kwa sababu pasipo na kipimo, watu hujitengenezea chao. Kuanzia Mei, maswali pale zahanati huwa si ya idadi ya wagonjwa uliohudumia. Ni, "Jina lako limebebwa na nani?" Shemeji alihudumu miaka yote bila kukosa zamu, lakini mpaka leo hajui aliongezewa kwa ajili ya hiyo au kwa sababu tu orodha ilikatwa chini ya jina lake. Hata aliyebaki ameonewa kidogo hapo.

Kifungu cha 47 cha Katiba kinataka uamuzi wa kiutawala uwe wa haraka, wa halali, wa busara na wa kufuata utaratibu wa haki. Aliyeathirika katika haki yake apewe sababu, tena kwa maandishi. Mawakili watasema kutoongezewa mkataba si kunyimwa haki, maana mkataba ulikwisha wenyewe. Wabishane. Ofisi iliyopata karatasi ya kumwandikia aliyebaki haiwezi kukosa ya kumwandikia aliyeachwa, na imwandikie miezi mitatu mapema, mtu apate kutafuta pengine.

Ni hapa Kisumu, Desemba 2018, ndipo mpango wa afya kwa wote ulizinduliwa, sisi tukiwa mojawapo ya kaunti nne za majaribio. Korona ilipoingia mwaka 2020, wahudumu waliajiriwa kwa kandarasi chini ya mpango huo. Kufika 2025 walikuwa wakikesha nje ya Afya House, makao makuu ya Wizara ya Afya kule Nairobi, wakidai ajira ya kudumu. Walimu wanagenzi wa sekondari msingi nao waligoma 2024, na Januari 2025 walimu 46,000 wakaingizwa kwenye ajira ya kudumu. Nawapongeza kwa moyo mmoja. Ila serikali inayosikia kelele tu inamwambia nini muuguzi aliyekuwa zamu ya usiku siku ya maandamano?

Yule mwenzake shemeji sasa anauza omena Kondele. Hospitali moja ya kibinafsi ilitaka kumchukua, ikamwomba cheti cha utumishi kutoka kwa mwajiri wa zamani, kile ambacho Sheria ya Ajira ya 2007 inamtaka mwajiri ampe mtu anapoondoka. Akarudi kwa karani yule yule. Akaambiwa hakiwezi kutolewa kwa sasa, kwa kuwa faili lake bado halijafungwa.