Mimi wa namba 4

Jana saa tatu usiku luku yangu ikakata, na Julai ya Mbeya mnaijua wenyewe, soksi mbili mbili, koti juu ya blanketi, upepo wa mlima Loleza unapita chini ya mlango bila hata hodi. Simu ina chaji asilimia 11. Nikasema ngoja nikaombe kiberiti kwa jirani. Kwetu Tukuyu, kilomita kama 70 tu kutoka hapa, unafuata kijinga cha moto kwa jirani na hutoki bila kula ndizi.

Hapa Ilomba tumepanga vyumba sita ukuta mmoja, jirani namjua anapiga chafya saa ngapi, jina sijui. Nikagonga. TV ikashushwa sauti. Nikagonga tena, simu ikatetema mfukoni, grupu la wapangaji: "Nani anagonga namba 3?"

Nikajibu pale pale mlangoni, vidole vimeganda. "Mimi namba 4."

"Namba 4 ndo nani?"

Miaka miwili jamani! Nikajieleza kwa heshima zote, yule wa koti la kijani, anayetoka alfajiri. Kimya. Namba 6 akadakia, "Si yule mwenye kikohozi?" Namba 1 akaweka dole gumba. Basi, mtu mzima na kitambulisho changu cha NIDA, naitwa Kikohozi.

"Shida nini kaka?"

"Kiberiti."

Namba 3 anaandika... anaandika... na huko ndani kiti chake nakisikia kinalia, kati yetu ubao tu. "Samahani kaka, jiko langu la gesi linajiwasha lenyewe." Namba 6: "Tuheshimu muda wa kupumzika." Nikakohoa, wallahi sikukusudia, nikasikia sauti ya namba 3 kwa mara ya kwanza tangu nihamie: "Eeh, ndo yeye."

Nikalala na giza langu.

Asubuhi kwenye bajaji ya Kabwe nimesalimia, wote wamechomeka vitu masikioni, dereva peke yake kaniambia sogea. Anayeniita kwa jina kamili siku hizi ni meseji za deni. Halafu pale Mwanjelwa mama wa nyanya kaniita "mume wangu", nikalainika mwenyewe, nikabeba sado nzima, nageuka nasikia msukuma mkokoteni naye ni mume wake.

Sasa sado nzima mtu mmoja unailaje, zimeshaanza kutoa maji. Nimewaza niwagawie majirani, ila ndo nagongaje? Au niandike kwenye grupu, Kikohozi ana nyanya?